Maji ya Udhu Kabla ya Adhana

Garissa,
Jumapili jioni

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Mgongo umekupa nafuu? Na mvua, imefika huko Mwatate? Mimi ni mzima, ila joto la huku linanipika taratibu.

Dada Wakesho ameniambia kwamba ulianguka bafuni, ukamkataza asiniambie. Usimgombeze. Nisikilize kwanza.

Katika wodi yetu ya wanaume yuko mzee mmoja mfugaji wa Bura ya huku Garissa, Adeer Abdi. Adeer ni baba mdogo kwa Kisomali, na huku mzee yeyote unamwita hivyo. Alilazwa kwa homa ya mapafu, akawa karibu kuruhusiwa. Miguu haikuwa na nguvu, lakini kabla ya kila swala alishuka kitandani na birika lake kwenda kutawadha, akirudi anadondosha maji sakafuni. Mimi, nesi mjuaji, nikaficha lile birika na kuinua vyuma vya pembeni mwa kitanda. Nikajipongeza kabisa. Alasiri ile ile adhana ilipoanza, akavipanda vile vyuma ili akatafute maji. Nilisikia kishindo tu. Nyonga ilivunjika.

Tulipomwinua hakutaka hata kunitazama. "Wewe nafunga mimi kama mbusi," akasema. "Swala nabita. Wewe nauliza mimi kitu? Habana."

Mama, nilienda chooni nikalia. Kweli sikumwuliza.

Sasa nimeamua. Kabla ya adhana napita kitanda hadi kitanda na birika na beseni: "Adeer, maji?" Wanatawadha wakiwa wameketi, kisha napiga deki. Wenzangu walinicheka eti nimekuwa mhudumu wa msikiti. Siku hizi wananipokea beseni. Tangu hapo hajaanguka mtu. Adeer Abdi bado hawezi kusimama, lakini jana alininyooshea mikono mwenyewe nimmiminie.

Ningependa bafuni kwako kuwekwe chuma cha kushikilia, na zile kandambili zinazoteleza zitupwe. Lakini bafu ni lako, kwa hiyo nakuuliza: wewe mwenyewe unataka tufanyeje? Nijibu, Mama. Nyonga ile niliishika kwa mikono yangu, na naogopa.

Nisalimie Dada Wakesho na wanawe, na Mjomba Mwakio fundi. Mwambie mjomba asiguse ukuta wowote mpaka wewe umeridhia.

Mwanao akupendaye,
Mwadime