Adventina kaenda kumhoji mama mkubwa

Mwanaupe, huyu dada yangu Adventina atanitoa roho.

Miaka yote anafundishaga chuo jinsi simu zilivyobadilisha watu. Leo tumefika Butiama, kamkalisha mama mkubwa, kawasha simu arekodi, anamuuliza: "Siku hizi watu wanakujaga msibani, au wanatumaga meseji tu?"

Meseji tu. Anamuuliza hivyo mjane wa baba mkubwa, na Adventina mwenyewe hakuja kumzika baba mkubwa.

Mama mkubwa akafungua simu yake akamwonyesha meseji ya siku ya msiba: "Pole sana mama," na vile vikono vya kuomba. Imetoka kwa Adventina.

Nikajua sasa ataomba msamaha. Wapi. Anaomba aipige picha, eti ni data nzuri.

"Piga tu mwanangu," mama mkubwa akamwambia. "Na mimi nikifa, utume hiyohiyo."