Ngwe ya Saba

Nyumbani, Karatu
Jumatatu asubuhi

Kwako kaka yangu Hilary,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima huko Dodoma, wewe na wifi yangu na mtoto, na kwamba kile kikohozi chako kimekwisha. Sisi huku hatujambo. Mama mgongo unamsumbua akiinama, na ndiyo majira ya kuinama haya, maana mbaazi zimekauka shambani na vibarua wanaringa. Mdogo wetu Patrisi yupo, anakula, analala, ila haongei, na sababu yake utaisoma humu humu.

Najua utashangaa kuletewa barua ya mkono na kondakta wa basi wakati simu ninayo. Ujumbe wa simu wewe huwa unaujibu kwa kidole gumba tu, na ukipigiwa, mtandao wako huanza kusumbua pale pale maneno yanapoanza kukukera. Basi leo kaa chini, usome.

Uliniomba, kama katibu wa Ligi ya Likizo, nikuandikie taarifa ya fainali kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa mwamuzi. Ulisema iwe fupi. Haitakuwa fupi.

Kwanza pokea pongezi kwa kanuni zako. Besiboli wenyewe walioileta wanacheza ngwe tisa, na ngwe moja ni timu zote mbili zipige, kila moja mpaka watu wake watatu watolewe. Haina saa. Mtu aliyeachwa nyuma anajua kwamba madhali hajatolewa, bado yumo. Wewe ukaona tisa ni nyingi, ukakata zikabaki saba. Ukaweka kwamba timu ikizidiwa pointi kumi baada ya ngwe ya tano mchezo umekwisha, ukaiita kanuni ya huruma, na wale vijana wa Baray waliokula vumbi tangu alfajiri wakahurumiwa hivyo hivyo, wakarudishwa kwao jasho halijakauka. Kisha ukaja na ile unayojivunia kuliko zote: saa kumi na moja kamili jioni mchezo usimame, na ngwe ambayo haijakamilika ifutwe, yahesabiwe matokeo ya ngwe iliyoitangulia. Ulisema ni kwa ajili ya vijana wa Endulen, ili wawahi geti la hifadhi wanamoishi kabla halijafungwa. Tulikupigia makofi. Hata mimi nilipiga, mjinga mimi.

Nahodha wa Endulen unamjua, Supeet, yule mrefu anayesoma chuo cha mifugo. Alinifuata kabla ya mchezo, akaniamkia kwa adabu, akaniambia jambo moja. Alisema wenzake wawili familia zao zimeshahamishwa hifadhini zikapelekwa Handeni, wamekuja kwa basi kwa ajili ya mechi hii tu, na wengine hawajui mwakani watakuwa wapi. Kwa hiyo timu hii inacheza kwa mara ya mwisho. Kombe wanalitaka, na safari ya Dar ya bingwa wanaitaka pia, nani asiyeitaka, ila kubwa analoniomba ni fainali ichezwe mpaka mwisho wake. Nikamwambia asiwe na wasiwasi, tunaanza saa nane, muda upo tele. Nilisema hivyo kwa kinywa changu.

Na mchezo ulikuwa mtamu, usidanganywe. Mpaka ngwe ya sita inakwisha, Karatu walikuwa na pointi tano, Endulen nne. Patrisi, kama nahodha wetu, alikuwa anakimbia mpaka namwonea fahari ingawa mwamuzi hatakiwi. Ikaingia ngwe ya saba, saa kumi ndiyo imepita kidogo. Endulen wakaanza kupiga, na yule Metui wao mwenye mabega akaupeleka mpira katikati ya mbaazi za jirani, wakaingia watu wawili. Sita kwa tano. Na Karatu tulikuwa hatujapiga zamu yetu, kwa hiyo hakuna aliyekuwa amekufa.

Hapo nikamwona Patrisi anaitwa pembeni, simu inamngoja. Alizungumza akiwa ametugeuzia mgongo, kidole kimoja sikioni. Aliporudi alimnong'oneza mrushaji wetu, na kuanzia hapo, Hilary, sijawahi kuona aibu kama ile kwenye uwanja wowote, na ule wa shule ya msingi uliokuwa na mbuzi nauhesabu.

Mrushaji akaanza kurusha nje. Kanuni ni kwamba mpigaji akirushiwa mipira minne mibaya anapewa kituo cha bure, na vituo vikijaa, kila anayepewa anamsukuma mwenzake nyumbani, kituo cha mwisho, pointi. Basi wanaume wazima, wanachuo, mmoja ni mwalimu mtarajiwa wa hesabu, wakawa wanawagawia wapinzani pointi za bure. Saba. Nane. Tisa. Mpira unarushwa kwenye magugu, unatafutwa kwa mwendo wa bibi harusi. Mmoja kamba za viatu zimefunguka. Mwingine anaomba maji, anakunywa huku anaangalia mawingu. Mrushaji akabadilishwa, aliyekuja akadai lazima apashe misuli moto. Nilimwita Patrisi nikamwonya. Akanijibu bila kunitazama kwamba kanuni za ligi hazisemi mpira urushwe vipi. Na ni kweli hazisemi. Kwenye kitabu kikubwa cha mchezo, timu inayopoteza muda kwa makusudi inanyang'anywa ushindi. Wewe ulipokikatakata kitabu hicho kutuletea karatasi moja, kipengele hicho hukukiona cha maana.

Endulen hawakuwa wajinga, walielewa upesi kwamba wanalishwa sumu kwa sahani nzuri. Dawa yake ni moja tu: mpigaji apige hewa makusudi mara tatu, atolewe, wakitolewa watatu ngwe igeuke. Supeet akawaambia wenzake wafanye hivyo. Nyoo! Hapo ndipo nilipowadharau na wao. Zamu ilipomrudia, Metui aligoma katakata. Alisema hakutoka Endulen kuja kukosa mpira makusudi mbele ya rika lake na wasichana wa Karatu wamejipanga pale na simu zao wanarekodi, ikifika nyumbani ataitwa nani. Akasimama na gongo begani mpaka akapewa kituo cha bure, akakiendea kwa maringo kama mtu anayekwenda kupokea mahari. Aliyemfuata naye vivyo hivyo. Fahari gani hiyo ya kijinga, pointi kumi na moja zisizo na kazi!

Mwishoni Supeet akaingia mwenyewe. Mpira ulipita juu ya kichwa chake, akaupiga hewa. Wa pili ulitua magugani, akapiga hewa. Watu wa Karatu wakacheka mpaka wakashikana mabega, watu wa parokia yetu hao, wengine wazazi. Akapiga na wa tatu. Nikamtoa, akarudi kwenye benchi kichwa juu. Akabaki kuwa yeye pekee aliyetolewa. Saa kumi na moja ikafika, na mimi mwamuzi, kwa kanuni yako, nikapuliza filimbi. Ngwe ya saba ikafutwa. Karatu bingwa, tano kwa nne.

Bodaboda zikapigwa honi. Na wewe huko Dodoma, ambaye huwa unajibu ujumbe baada ya siku mbili, ulikuwa umeshaandika kwenye kundi la ligi kwamba hongera mabingwa, Karatu oyee, hata vumbi halijatulia.

Endulen hawakupanda gari. Dereva wao aliwasihi, akawaonyesha jua, akawaambia geti halimngoji mtu. Supeet akasema ngwe haijakwisha, wao wanangoja hapo hapo. Wakakaa chini, kila mtu kwenye nafasi yake, wengine kwenye vituo walivyokuwa wamesimama. Nilijaribu kuwaambia kanuni. Akanisikiliza mpaka mwisho, akanijibu taratibu kwamba kanuni ameielewa, ila yeye hajamaliza kucheza. Geti likafungwa wao wakiwa bado wamekaa pale kwenye baridi.

Mama alikuwa anatoka kwenye jumuiya, akakatiza uwanjani. Mama na besiboli unawajua, mpaka leo anaiita mchezo wa kufukuza nyoka. Akaniuliza hawa watoto wa watu wamekaa chini kwa nini. Nikamweleza kwamba muda umekwisha. Akauliza umekwishaje wakati wao bado wapo. Mimi mwenye cheti cha uamuzi, kaka, nikaanza kumweleza kanuni yako upya. Mama hakungoja. Akawaambia wainuke, wakamfuata wote mpaka nyumbani na dereva wao, wakajaa sebule na baraza.

Tukapika makande sufuria kubwa na jogoo wawili. Chakula kilipoiva Mama akamwita Patrisi, akamkabidhi jagi na beseni. Unajua nyumba hii, kitindamimba ndiye anayenawisha wageni, uwe bingwa, uwe waziri. Patrisi akajaribu kusema mimi ninawishe. Mama akamtazama tu. Basi akaanza, taulo begani, mmoja baada ya mwingine, akiinama kwa kila mmoja. Metui alinyoosha mikono na kumkazia macho mpaka maji yakaisha. Alipofika kwa Supeet akammwagia maji miguuni. Supeet akajifuta, akamshukuru, akamwita nahodha. Nadhani angemtukana ingekuwa nafuu. Patrisi akaweka jagi chini, akatoka, nikamkuta nyuma ya jiko analia kwa kwikwi, kijana wa miaka ishirini na mbili.

Alipomaliza kulia aliingia ndani akasimama mbele yao wote, akasema kesho baada ya misa ngwe inamaliziwa. Supeet akakubali kwa sharti moja: zile pointi tano za bure zifutwe, ianzie sita kwa tano, aliyetolewa ni mmoja. Metui alinung'unika kwa Kimaasai, akanyamazishwa.

Jumapili tukacheza bila saa. Nilivua ya kwangu nikampa Mama aishike. Endulen hawakuongeza kitu, wakatolewa wawili waliobaki. Zamu yetu wawili wetu wakatolewa, mmoja akafika kituo cha tatu, na wa mwisho kupiga akawa Patrisi mwenyewe. Aliupiga mpira vizuri, Hilary. Wallahi aliupiga kwa roho yake yote, ukapaa, watu wakasimama, na Metui akakimbia kinyumenyume mpaka kwenye mbaazi akaudaka kifuani, na wa tatu wetu akawa ametolewa. Sita kwa tano, Endulen. Patrisi mwenyewe alilibeba kombe akampa Supeet, wakashikana mikono muda mrefu. Mchana wakaondoka na geti wakaliwahi.

Sasa nikuambie alichoniambia Patrisi kule nyuma ya jiko. Simu ile ilikuwa yako.

Ulimwambia arushe nje mpaka saa kumi na moja, kanuni itamaliza kazi iliyobaki. Alikujibu kwamba zamu ya Karatu ya kupiga bado ipo na wanaweza kushinda. Ukamwambia asijidanganye, hana watu wa kuwapata wale Wamaasai, na wewe umeshawaahidi wakubwa wako wa Dar kwamba timu ya kwenu inakuja. Mtoto yule amekuamini tangu akiwa anavaa kaptula zako zilizochoka. Akaamini na hilo, kwamba hawezi. Kinachomliza si kufungwa. Kinachomliza ni kwamba alikosa pointi moja tu, na wewe hukutaka hata ajaribu.

Kwa hiyo nimekusikia ukijisifu mwaka mzima kwamba umewaonea huruma watu wa getini, na sasa nakuona vizuri. Nakudharau, Hilary. Nimeliandika, nimelisoma tena, na nimeliacha hapo.

Kwenye kundi bado maneno yako yanasema bingwa ni Karatu. Basi la Dar linaondoka Ijumaa, na Patrisi ameshasema timu yake haipandi. Utaandika mwenyewe, kwa jina lako, kwamba Endulen ndio bingwa, na utaandika kwa nini. Mimi sitakuandikia, na filimbi yako nimeifunga pamoja na barua hii, mtafutie mwenye kuitaka.

Wifi yangu msalimie sana, na mtoto mbusu kwa niaba yangu. Majirani wote wanakusalimu. Mama naye anakusalimu mno. Yeye hajui kitu, sijaweza kumwambia. Jana mezani alisema, mbele ya Patrisi, kwamba angekuwepo Hilary, wageni wasingefanyiwa mambo yale.

Ni mimi mdogo wako,
Hyasinta