Miwani ya Bibi wa Michembe

Mama, shikamoo. Mimi mzima, ila vumbi la Shinyanga linanikaba koo. Kutwa natembea na kamera begani, napiga sinema ya watu wanavyokatiza mjini.

Leo nilifuatana na bibi mmoja anayeuza michembe, vile viazi vitamu vya kukausha, toka stesheni mpaka sokoni. Alivaa miwani nyeusi ya kiume, watu wakawa wanamcheka. Nikamwomba aivue, niuchukue uso wake.

Akasema taratibu, "Acha, baba. Kwetu kuni hakuna, tunapikia mavi ya ng'ombe. Moshi umeyafanya macho yangu mekundu. Jirani yangu alikuwa nayo hivi hivi, wakasema mchawi, wakamkata mapanga. Ndipo nikakimbilia huku. Wewe chukua miguu."

Nikaichukua miguu yake mpaka ikapotelea katika miguu ya watu.

Mama, nimekumbuka macho yako ukimaliza kupuliza moto wa vitumbua alfajiri. Hapo Tanga mtu akiyaona hukupa pole. Nina hamu nawe sana, lakini usije huku kunitazama.

Mwanao,
Salimu