Ombi Letu Limetupwa Songea

S.L.P. 47,
Mbinga.
12 Agosti 1997

Mpendwa kaka Evarist,

Shikamoo. Habari za Tanga na joto lake? Wifi Tumpe na watoto hawajambo? Na goti lako, linazikubali ngazi za ofisini? Sisi ni wazima, ila baridi ya huku inamsumbua mama kifua. Kahawa bado tunachuma, mikono imechubuka yote.

Sasa kaka, nisikuzungushe. Ombi letu Mahakama Kuu limetupwa. Mimi na mama tulikaa Songea siku mbili, tukalala kwa masista. Jaji hakufika hata kwenye habari za shamba. Wakili wa kijiji alisimama akasema sheria inataka mtu amalize kwanza njia nyingine zilizopo kabla ya kukimbilia Katiba, na jaji akakubaliana naye. Tuanzie baraza la kata. Basi, tukatoka.

Baraza la kata, kaka! Lile linalokaa nyuma ya godauni la zamani la ushirika, mama anaweza kwenda na kurudi maharage yakiwa bado jikoni. Nilitaka kwenda huko tangu siku kijiji kilipowapa wanunuzi binafsi wa kahawa shamba la mama wajenge ghala. Wewe ndiye uliyeandika kwamba baraza ni la kesi za mbuzi na matusi, twende moja kwa moja juu. Nikakusikiliza kwa kuwa ndiwe msomi wetu. Nimekukasirikia sana, bora ujue.

Maana miezi kumi na sita imekwenda bure. Tukiwa tunasubiri tarehe, trekta lilisawazisha ngoro zote za mama, mashimo aliyoyachimba kwa jembe tangu mimi sijazaliwa. Ukipita pale sasa utadhani ni uwanja wa mpira. Na baba mdogo Tadei, aliyekuwepo siku babu alipowakatia baba na mama sehemu yao, tulimzika Juni. Hata kitandani aliniambia yuko tayari kusema. Hapakuwa na wa kumsikiliza.

Juzi nilikwenda barazani. Mwenyekiti, mzee Isidori, hakunicheka, ingawa nilistahili. Alisema, "Mwanangu, mngekuja mwaka jana tungekwenda kuyaona mashimo kwa macho yetu. Sasa nileteeni mtu aliyekuwepo siku mpaka wa shamba ulipowekwa." Kesi itasikilizwa Jumanne, tarehe 9 Septemba.

Nimewaza usiku na mchana nani amebaki. Babu hayupo, baba hayupo, Tadei naye ndiyo hivyo. Umebaki wewe peke yako, uliyeshika kamba babu akipima.

Kwa hiyo usimwandikie mzee Isidori barua ndefu ya vifungu, hataisoma. Omba likizo upande basi. Usipofika siku hiyo, mama atatoka barazani hana shamba, na safari hii hatutasema kosa ni la jaji.

Nisalimie wifi Tumpe, Raimundi na Edina. Shangazi Vitalia anawasalimu wote, na kaka Urbani wa Tingi pia. Mungu awalinde, na akufungulie njia ufike salama.

Mama hana hasira kama mimi. Ameshafua blanketi utakalojifunika.

Ni mimi mdogo wako, nikupendaye hata leo,
Perpetua