Risasi Isiyo ya Bastola Hii

Mdogo wangu,

Shemeji yako amepoteza vidole vitatu vya mkono wa kulia: gumba, cha shahada na cha kati. Ilikuwa Jumanne ya wiki iliyopita, saa tatu na robo asubuhi, kwenye uwanja wa shabaha. Nimelitanguliza hili mbele ya salamu kwa sababu nakujua. Ukiona salamu tu unaikunja karatasi na kusema utaimalizia baadaye.

Sasa salamu. Hujambo? Mkeo hajambo? Na yule mtoto mkubwa, kikohozi kimemwacha? Sisi huku ni wazima kwa kadiri mtu anavyoweza kuitwa mzima. Mimi nasimama, nakula, duka nafungua. Mwenzangu yuko wodi ya upasuaji, kitanda cha karibu na dirisha, na homa imeshuka tangu juzi. Nimekupigia simu mpaka ile sauti ya kusema hupatikani naisikia hata nikilala. Ndiyo maana nimekaa nikaandika. Barua nitampa dereva wa lori la saruji, anayepita mbele ya lango la kazini kwako na kurudi huku Jumapili jioni. Nimemwambia akukabidhi mkononi, asimwachie mtu yeyote getini.

Jambo lenyewe lina haraka. Jumatatu saa nne asubuhi mpelelezi anakuja wodini na maelezo ya shemeji yako yakiwa yameandikwa vizuri, ayatie saini kwa mkono wa kushoto. Akishatia saini, atakuwa amejifunga mwenyewe. Yaliyomo nitakwambia, lakini kwanza nifuate polepole, usije ukasema dada amekuwakia bila kukupa nafasi ya kufikiri.

Bastola unaijua kuliko mimi. Nilipovunjiwa duka mara ya pili nilisema ya tatu siingoji, mimi niliyeanza kwa kuuza misumari kwa kipimo cha kopo mpaka nikafika kuagiza saruji kwa lori. Kibali kilitoka kwa jina la mume wangu kwa sababu siku ya kwenda kuomba mimi nilikuwa napokea mzigo. Alicheka, akasema kumpa mchora vibao bastola ni kama kumpa bubu kipaza sauti. Hakuipenda hata siku moja. Mwaka mzima inalala kwenye kasha la chuma, inatoka mara moja tu, siku ya kwenda kupiga shabaha mbele ya afisa ili kibali kiongezwe muda. Na kabla ya siku hiyo huja wewe, Mtaalamu wetu. Unatandika magazeti sebuleni, unaifungua, unaifuta, unaijaza, huku ukitusimulia habari za kusindikiza magari ya fedha, nasi tumekukodolea macho kama wagonjwa mbele ya daktari. Katika miaka yote minne hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kuishika risasi akaitazama kwa karibu. Ya nini, na tuna mtu wetu anayeshinda na bastola kiunoni?

Safari hii ulisema nyingi ya zilizomo zimechakaa, zimeota kutu ya kijani. Ukachambua chache ulizoona bado nzuri, halafu ukasema nisihangaike kununua nyingine, bei ya risasi siku hizi ni ya kumkomoa mtu, wewe unazo za akiba. Mimi kitu cha bure hunitia wasiwasi, ndivyo biashara ilivyonilea, nikakuuliza kama zinaoana na bastola yetu. Ukaniambia, dada, risasi ni risasi, wewe uza saruji yako. Tulicheka wote watatu. Shemeji yako ndiye aliyecheka zaidi, kwa kuwa ni nadra kuniona nimenyamazishwa.

Yaliyotokea uwanjani nimeelezwa na mkufunzi wa shabaha, mzee mmoja mkavu, asiyepoteza maneno. Alisema risasi tatu za kwanza zilikwenda vizuri, na ya tatu iliingia ndani ya duara, hata mume wangu akageuza kichwa akasema leo tajiri ataniheshimu. Tajiri ni mimi, unajua anavyoniita. Ya nne akavuta, ikasikika ta, kama mtu aliyewasha swichi na taa isiwake. Mkufunzi anasema bastola ikikataa hivyo unaishikilia imeelekea mbele, unanyoosha mkono mwingine juu, unangoja, na kwamba asubuhi ileile alikuwa amewaambia. Lakini mume wangu hakufanya alichosikia asubuhi. Alifanya alichokuona wewe ukifanya kwa miaka minne sebuleni kwake. Alivuta nyuma ile sehemu ya juu, akaiachia, akavuta tena kifyatulio. Mkufunzi anasema alipiga kelele ya kumzuia, na kelele yake na ule mlipuko vilitoka pamoja.

Hospitalini, kwenye korido, mkufunzi aliniomba kiganja. Akaniwekea vitu viwili vilivyotoka ndani ya magazini ya bastola yetu, vimeondolewa baruti, akaniambia nivitazame. Nilimwambia ni pacha. Akanigeuzia vitako. Kila kimoja kina maandishi madogo yaliyogongwa kwenye chuma, na namba zake si moja. Yetu ni nene kidogo. Yako ni nyembamba, tofauti haifiki hata upana wa ukucha. Alisema mtoto akivaa nguo za mama yake anaingia, tena anaingia kwa urahisi, lakini hazimkai. Ile nyembamba ilipita mahali ilipotakiwa kusimama, ikateleza mbele, ikakwama kooni mwa mtutu. Ndiyo maana haikulia. Kilichotakiwa kuigonga hakikuifikia. Na alipovuta haikutoka, kwa sababu hapakuwa na cha kuishika. Nyuma yake ikaingia nene, ya kwetu halisi, ikalia, na mbele njia imezibwa. Mimi nauza mabomba, mdogo wangu. Hilo sikuhitaji kuelezwa mara mbili.

Nilimuuliza kama ingekuwa tofauti endapo ile nyembamba ingelia. Akasema huenda, lakini si kwa uzuri. Zipo zinazolia na ganda likapasukia mkononi, zipo zinazolia kinyonge na kichwa chake kikabaki katikati ya mtutu kikingoja cha nyuma. Akasema risasi isiyofaa yenye huruma ni moja tu, ile inayokataa kabisa kuingia.

Nikakumbuka kwamba mwezi uleule ulimsafishia bastola mwenye duka la dawa pia. Nilikwenda kwake siku hiyohiyo, nikamwambia asiitumie, ampelekee mkufunzi aikague kwanza. Jina lako sikulitaja. Risasi zake zimekutwa zote ni halali za bastola yake, kwa hiyo huko pumua.

Mimi ndiyo siwezi kupumua. Nikitoka wodini kwenda dukani napita barabara ile ya chini, na hakuna mlango usio na kibao cha mkono wa mume wangu. Kinyozi, fundi cherehani, shule ya chekechea yenye yule tembo anayecheka, hata kibao cha kukataza kukojoa ukutani. Miaka kumi na tisa nimekuwa nikipita bila kusoma, maana nani anasoma vibao vya mumewe? Sasa navisoma vyote. Juzi aliomba penseli. Akajaribu kwa kushoto herufi A nyuma ya karatasi ya dawa, ikalala ubavu kama mgonjwa mwenzake. Akaniuliza kama namfahamu mteja anayetaka kibao kilichopinda kwa nusu bei. Muuguzi akacheka. Mimi nikatoka nje nikijifanya natafuta maji.

Daktari nimemuuliza kila swali. Nilimuuliza gharama, nikamuuliza hospitali kubwa zaidi, nikamuuliza vidole vya bandia. Alinijibu kwa upole wa mtu aliyekwisha kusema maneno yaleyale kwa wengi, kwamba bila gumba mkono haushiki chochote. Wewe unanijua, kila nilichonacho nilikipata kwa kuuliza bei yake kisha kuitafuta bei hiyo hata kama ni kwa kulala njaa. Sasa nimesimama mbele ya kitu kisichouzwa, na sijui mtu husimamaje hapo.

Nifike kwenye maelezo ya Jumatatu. Mpelelezi alimuuliza zile nyembamba zimetoka wapi. Mume wangu akasema alizinunua mwenyewe sokoni, kwa mtu asiyemjua, na akazijaza mwenyewe. Sikuwepo. Nimeyasikia jana tu, kwa mpelelezi mwenyewe, aliyedhani najua. Nikaenda kwa wakili. Akanieleza kwamba kuumia ni bahati mbaya, lakini kununua risasi bila karatasi ni kosa, na kosa hilo lina kifungo. Mtu aliyebaki na vidole viwili mkono wa kulia, afungwe.

Nikarudi wodini nikiwa nimejaa. Akaniacha niseme mpaka nikaishiwa, halafu akanieleza kwa sauti ileile anayopangia bei na wateja. Kumbe uliwahi kumwambia, siku moja mkiwa peke yenu na bastola mezani, jinsi walinzi wa kampuni yenu mnavyofanya siku za mazoezi. Mtu anapewa risasi kumi, anapiga nane, anasema amepiga kumi, mbili anaziweka soksini, ili siku moja zamu zikikabidhiana na hesabu ikapungua awe na ya kuziba pengo. Kila mlinzi anayo akiba yake, na kila mlinzi anajua ya mwenzake. Alisema ukitajwa wewe, si kazi tu itakayokwenda, ni wizi wa risasi, na watoto wako bado wadogo. Akasema mkono wake umeshakwenda, hata ukifungwa wewe haurudi, sasa kwa nini tupate hasara mbili mahali pa moja? Mimi nimefanya hesabu maisha yangu yote. Ile niliipitia mara nyingi nikiwa nimekaa kwenye ukingo wa kitanda chake, na sikuona ilipokosewa, na bado najua si sahihi.

Nilimwambia nitamweleza mpelelezi mimi mwenyewe. Akasema nikifanya hivyo atanikana mbele yake, aseme mke wangu amechanganyikiwa kwa majonzi, mtafutieni kiti. Alisema huku akitabasamu, na najua atafanya. Na hata kama asingefanya, wewe tumbo letu ni moja. Mama alipofariki nilikubeba mgongoni nikiwa sijui hata kukufunga vizuri, unateleza kila hatua. Ningekupeleka kwa mkono wangu? Nikisema nakupoteza wewe, nikinyamaza nampoteza yeye, na kalamu haiko kwangu.

Hapa ndipo nilipotaka kufika. Jana nilirudi nyumbani na mfuko wa plastiki niliopewa uwanjani siku ile, wenye mkanda wake, kofia na simu. Kule simu hukusanywa getini. Nilikuwa sijaufungua. Simu ilikuwa imezima, nikaichaji. Zikatokea simu zako nne zisizopokelewa, ya kwanza saa tatu kasoro dakika kumi, ya mwisho saa tatu na dakika nane. Wewe hujawahi kumpigia shemeji yako asubuhi tangu nimeolewa. Ulikuwa umeshajua. Pengine ulishika risasi zako wakati wa kukabidhi zamu, ukasoma kitako, ukakumbuka. Sijui. Unajua wewe.

Nikachukua ya kwangu nikaitazama. Haina hata moja. Asubuhi ile ilikuwa juu ya kaunta, imejaa chaji, karibu na mashine ya kukata risiti. Kutoka dukani mpaka uwanjani kwa pikipiki ni dakika saba, na mlinzi wa getini pale ni mteja wangu. Ulipiga simu iliyofungiwa kwenye sanduku mara nne, na ya kwangu hukuipiga hata mara moja. Nimewaza usiku kucha kwa nini, na jibu ninalolipata ni kwamba uliuogopa ulimi wangu. Mdogo wangu, ningekutukana. Ningekutukana sana. Halafu ningekimbia.

Sikufichi kitu, kama wakili naye asivyonificha. Ukija, kazi yako imekwisha, na kinachofuata baada ya hapo hakuna anayekuahidi. Wakili nitamlipa mimi, na watoto wako hawatalala njaa nikiwa hai. Usipokuja, shemeji yako atatia saini, na wewe utabaki na kazi yako na bastola yako kiunoni, nami nitakuwa natembelea gereza kwa sababu yenu wote wawili.

Mkeo msalimie. Kama bado hajui, barua hii usimwonyeshe kabla hujaamua. Watoto wapakate kwa niaba yangu. Mgonjwa anakusalimu, na ameniambia nikuandikie kwamba hana kinyongo. Nimeandika kama alivyoniagiza. Mimi ninacho.

Pole usiniletee, wala habari za risasi usinieleze, nimeshazijua. Nataka neno moja, kwa simu au kwa mkono wa dereva Jumapili jioni, na mwisho kabisa kabla ya saa nne asubuhi ya Jumatatu: unakuja kusema zilikuwa zako, au huji?

Ni mimi,
Dada yako