Wageni Wasioagwa

Cornwall,
Novemba 19

Kaka yangu mpenzi Jory,

Salamu tele kwako, kwa shemeji Tamsin na watoto. Mgongo wako je? Usiniambie umepona, nakujua, wewe hata ukivunjika mguu utasema umejikwaa tu. Mimi mwili hauna neno, ila usingizi umenihama.

Darasa langu la dini yetu ya Wicca linaendelea pale ukumbini. Hata watu wa kanisani wamekuja, wameingia wamenuna, wakatoka wakiniomba namna ya kupika keki. Huwa nawaambia yale yale: sisi wachawi haturogi mtu, shetani hatumjui, na wafu hatuwaiti wala hawaji, tunawakumbuka tu. Kamati ya ukumbi ikaniruhusu kuandaa karamu ya kimya usiku wa Samhain, sikukuu yetu ya kuwakumbuka wafu, mradi nisigonge kengele, maana ingetisha watu. Kengele ile ndiyo ya kuwaaga wafu mwishoni. Nikakubali. Nilitaka tupendwe, kaka.

Basi tukala bila neno, tukianza na kitamu na kumalizia na supu kinyumenyume, kama ilivyo desturi ya karamu hiyo, kila mtu kando ya kiti kitupu na sahani ya marehemu wake. Bi Angove naye alikuja, yule aliyekuwa akiniita mke wa Ibilisi dukani mbele za watu. Alimwandalia mwanawe Perran, aliyezama akienda kuvua kaa. Karamu ilipokwisha tukaosha vyombo, tukaenda zetu bila kumuaga yeyote.

Baada ya hapo Bi Angove hakuonekana dukani wala kanisani, nikaenda kumjulia hali. Nilimkuta amekonda, macho yameingia ndani. Mezani sahani mbili, sakafuni maji ya chumvi kutoka mlangoni hadi kwenye kiti. Akanitaka ninong'one, eti Perran amelala. Yeye mwenyewe hali; anasema akila, mtoto hatashiba. Niliogopa, Jory, si mchezo. Nikamwambia nitaleta kengele tumuage kijana kwa heshima. Akanicheka usoni: "Mwalimu, si wewe uliyetufundisha kwamba wafu hawaji? Sasa unataka kumfukuza nani?"

Hata hivyo nilirudi nyumbani kuichukua. Kengele hiyo ikigongwa huwaaga wote waliokaribishwa pamoja, popote walipo, kuchagua hakuna. Nilikuwa nimekwisha kuishika niliposikia kikohozi jikoni. Kile cha mvuta kiko, kaka, na kiti kikiburutwa vile vile, kama alivyokuwa akikiburuta huku mama akimfokea kwamba anaharibu sakafu. Sikuwa nimekuambia kwamba usiku ule nami nilimwandalia baba sahani.

Daktari amesema Bi Angove akiendelea hivi, Krismasi haioni. Watu wananisifu, eti angalia mchawi wetu alivyo na moyo, kila siku anampelekea supu yule yule aliyemtukana. Supu napeleka, naye haigusi. Kengele siipeleki. Ningependa kukuandikia kwamba namhurumia, kwamba siwezi kumnyang'anya mama mtoto wake mara ya pili. Ningekuwa nadanganya. Ni kwamba baba ameanza kuniita kwa jina.

Nibusie watoto, na Tamsin umwambie soksi zimefika, zinanitosha vizuri. Ujikinge na baridi.

Baba anakusalimu.

Dada yako,
Kerensa