Wimbo Nyuma ya Kamera

2 Februari

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo. Mgongo unaendeleaje? Mimi sijambo, tena zaidi ya sijambo! Ndoa tamu, Baba. Kila asubuhi mume wangu ananiletea chai kitandani, nusu imemwagika kwenye sahani, nami nainywa kama asali.

Sasa anatengeneza filamu ya watu walioficha lugha za kwao ili wasichekwe. Hana kampuni wala bosi. Ni yeye, kamera yake, na mimi mbeba nyaya. Anaomba akuhoji. Nami naomba. Hujawahi kunitamkia hata neno moja la kwenu. Nikijaliwa mtoto, nitamwambia yeye ni nani?

Binti yako Kasuku

10 Februari

Kasuku wangu,

Marahaba. Mgongo upo, cherehani ipo. Nafurahi kuona unapendwa. Mkwe wangu aje ale, ila hayo ya lugha ayaache. Nilichekwa vya kutosha nilipokuwa najifunza ushonaji.

Baba

1 Machi

Baba,

Shikamoo. U mzima? Sisi wazima, ila tangu tutoke kwako moyo wangu haujatulia.

Unakumbuka ulivyomtania mkweo kwamba kamera yake ni mzigo wa bure, akakukabidhi umrekodi? Ndiyo desturi yake: hamrekodi mtu kabla mtu huyo hajamrekodi yeye. Ulivyomkomalia! “Kaa wima, bwana mkubwa! Mama yako alikubembeleza kwa wimbo gani?” Akaimba, sauti kama bawaba kavu, katikati machozi yakamtoka. Nampenda, Baba! Nawe ukasema, “Wangu alikuwa akiimba hivi,” ukaimba. Kwa lugha yenu! Nilikuwa mlangoni na sahani mkononi.

Baba, ulisahau kuizima kamera. Sauti yako imo yote. Kwenye picha ni uso wake tu, anakusikiliza. Hataitumia bila ruhusa yako. Ukisema ifutwe, itafutwa, wala sitanuna. Labda kidogo.

Binti yako

20 Aprili

Binti yangu,

Marahaba. Mgongo ni uleule. Samahani kwa ukimya. Nilikuwa naimba huku nikishona, nione kama ubeti wa pili bado ninao. Ninao. Mteja mmoja akasikia, akauliza, “Fundi, lugha gani hiyo?” Nikamtajia. Akaniambia shati lake nisilibane kwapani, basi.

Msifute. Lakini sauti bila uso ni ya mtu aliyejificha. Njooni mchukue ubeti wa pili. Nimejishonea shati jipya, la kola. Mwambie mkwe wangu asinikate kichwa.

Baba yako